Kumsoma Kezilahabi kinyumenyume: kutoka Mlimani hadi Namagondo

Jumatatu, Mlimani

Nimeanzia mwisho kwa makusudi. Euphrase Kezilahabi alizaliwa Namagondo, Ukerewe, tarehe 13 Aprili 1944, akafariki hapa Dar es Salaam tarehe 9 Januari 2020. Kila wasifu wake niliousoma unaanzia kisiwani na kuja mjini. Mimi nina likizo, nauli na mkoba wa vitabu vyake, na nataka kwenda upande wa pili: vitabu vya mwisho nivisome huku, cha kwanza nikisome kule.

Daladala imenishusha Utawala, nikatafuta kivuli karibu na Ukumbi wa Nkrumah. Kezilahabi aliingia chuo hiki, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, mwaka 1967, mwaka wa Azimio la Arusha, akitokea seminari. Akahitimu 1970, akafundisha sekondari, akarudi kuwa mhadhiri. Mwaka 1976 alimaliza shahada ya uzamili kwa tasnifu juu ya Shaaban Robert kama mwandishi wa riwaya. Mwaka 1985 akapata udaktari Chuo Kikuu cha Wisconsin, Madison, Marekani, kwa tasnifu juu ya falsafa ya Kiafrika na tatizo la kufasiri fasihi. Miaka ya tisini ya kati akahamia Chuo Kikuu cha Botswana, akafundisha huko miaka mingi. Watu humtaja kama mshairi na mwandishi wa riwaya, halafu uhakiki unaongezwa mwishoni kama kazi ya ofisini. Nadhani tunakosea hapo. Mhakiki ndiye aliyekuwa akimsukuma yule mtunzi, na mara nyingine akimfukuza kabisa nyumbani kwake.

Nimesoma *Nagona* (1990) kuanzia asubuhi, na *Mzingile* (1991) baada ya chakula cha mchana. Ni vitabu vyembamba, hakuna kinachofika kurasa mia, na ndivyo vinavyowatoa wanafunzi jasho kuliko vingine vyote. Msimulizi hana jina. Anatembea kwenye miji ya watu walionyamaza, anakutana na wafu wanaobishana, kina Plato, Darwin, Nietzsche na wenzao wako humo wakila baraza. Huwezi kuonyesha kidole kwenye ramani ukasema hapa ndipo ilipotokea.

Hilo ndilo lililonikaa kichwani. Shaaban Robert aliandika *Kusadikika* (1951), nchi iliyo angani, na *Kufikirika*, nchi nyingine ya kubuni. Kezilahabi kijana alipoanza kuandika alifanya kinyume: akachukua kijiji chake mwenyewe na kukiita kwa jina lake, bila hata kubadili herufi moja. Halafu, baada ya kumchambua Shaaban Robert kwa tasnifu nzima, baada ya Wisconsin, naye akahamia mahali pasipokuwepo. Wapo wasemao ni usomi wa Kizungu ulimlevya. Nataka njia hii nione kama ni kweli.

Jumanne, Morogoro

Treni ya umeme ina kasi ya kuudhi kwa mtu anayesoma mashairi. Nilikuwa nimepanga kumaliza *Karibu Ndani* (1988) kabla ya Morogoro, nikashtukia tangazo la kushuka nikiwa bado katikati.

Ushairi wa *Karibu Ndani* ni wa mtu ambaye vita vyake vimekwisha. Hana tena haja ya kueleza kwa nini hafuati vina na mizani. Mishororo ni mifupi, picha zinakuja kavukavu, mwanasiasa anapigwa kibao bila kutajwa jina. *Dhifa* (2008), aliyoitoa akiwa tayari na umri wa babu, ina hasira zaidi, na kwa ladha yangu hasira ile imelegeza mashairi kadhaa. Si lazima mkubaliane nami.

Morogoro yenyewe nimeshuka kwa ajili ya Rosa, mhusika mkuu wa *Rosa Mistika* (1971), riwaya ya kwanza ya Kezilahabi. Ndiko alikosomea ualimu, na ndiko alikoharibikiwa zaidi, akiwa na mkuu wa chuo, Thomas. Nilidhani nitatembea mji mzima nikimfikiria. Badala yake nimekaa Msamvu nikila mahindi ya kuchoma na kuwatazama wasichana wa vyuo wakishuka kwenye mabasi na mabegi makubwa, wengine wakipokelewa na kaka zao, wengine na watu wasio kaka zao. Rosa nitamrudia kwao.

Jumatano, barabarani hadi Shinyanga

Basi limetutoa Msamvu mapema. Dodoma, Bahi, Manyoni, Singida, halafu ule mteremko wa Sekenke unaowanyamazisha hata wanaopiga soga, kisha mbuga ya Wembere iliyo tambarare hadi unachoka kuitazama. Siku nzima, na runinga ya basi haikuzimwa.

Nimesoma mbili za katikati. *Gamba la Nyoka* (1979) ni riwaya ya vijiji vya ujamaa, ya wakati watu walipokuwa wakihamishwa kwa hiari na kwa malori. Vijana wasomi Mamboleo na Mambosasa ndio wanaobeba siasa kuwapelekea wazee ambao hawakuiomba. Kupita Dodoma ukiisoma kuna maana yake, maana operesheni za kuhamisha watu zilianzia huku mapema kabla ya kuenea nchi nzima miaka ya 1973 hadi 1976. Kwangu mimi hii ndiyo riwaya yake iliyochoka. Anajua anachotaka kusema kabla hajakisema, na mhakiki ndani yake alilijua hilo. Baada yake hakuchapisha riwaya nyingine kwa takriban miaka kumi, na alipochapisha ikawa *Nagona*.

*Dunia Uwanja wa Fujo* (1975) ni jambo jingine. Tumaini anarithi fedha, anazitapanya, anaondoka kwao, anafika Shinyanga, anatulia, anakuwa mkulima tajiri. Kisha siasa ya ujamaa inafika hadi kwenye mashamba yake. Anamuua kiongozi wa serikali na kuishia kunyongwa. Wasomaji wengi wa Tanzania hawawezi kusoma sura zile bila kukumbuka Krismasi ya 1971 kule Ismani, Iringa, mkulima Said Mwamwindi alipompiga risasi mkuu wa mkoa, Dakta Wilbert Kleruu. Riwaya ilitoka miaka minne tu baadaye. Kuiandika wakati ule, ukiwa mtu wa chuo cha serikali, na kumpa muuaji moyo na akili badala ya kumfanya kikaragosi cha bepari, kulihitaji ujasiri. Naye hakumsafisha. Tumaini ni mtu wa kuchukiza katika nusu ya kitabu.

Jirani yangu wa kiti, mama wa makamo aliyepandia Singida na dumu la mafuta ya alizeti, aliniuliza nasoma nini. Nikamwonyesha jalada. Akasoma jina kwa sauti, akacheka: "Huyo kasema kweli, mwanangu." Akalala.

Nimeshuka Shinyanga jioni, nimechoka kiasi cha kutosikia muziki wa baa iliyo chini ya chumba changu.

Alhamisi, Nyegezi

Mwanza unaikaribia ukishaanza kuona mawe. Basi linaishia stendi ya Nyegezi, jambo lililonifaa kabisa, maana seminari aliyosoma Kezilahabi iko upande huu huu wa jiji. Aliingia Nyegezi akiwa mvulana mwaka 1957 na kumaliza masomo 1966. Upadre hakuufikia.

Sikuomba kuingia ndani; nimezunguka nje, nikashuka hadi nilipoliona ziwa. Mtoto wa kisiwani anayeletwa hapa analitazama ziwa lile lile la kwao, ila kutoka ng'ambo, huku akifundishwa Kilatini, litania na maswali ya Mungu yupo au hayupo. Ukitaka kujua *Kichwamaji* (1974) ilitoka wapi, usikimbilie kwanza wanafalsafa wa Ufaransa. Kaa hapa saa moja.

Wahakiki wengi wanaiita riwaya ya udhanaishi, ile falsafa inayouliza kuishi kuna maana gani, na hawakosei. Kazimoto ni mwanafunzi wa chuo kikuu anayerudi kwao likizo. Mwanzoni kabisa anakaa nje ya ofisi ya mkuu wa wilaya, Manase, waliyekua pamoja, akisubiri kuomba kibarua. Anasubirishwa. Watu wanaingia na kutoka. Rafiki wa utotoni yuko nyuma ya mlango, na mlango ule ndio uhuru wenyewe ulipofikia. Sijui ukurasa mwingine katika riwaya ya Kiswahili unaoonyesha haraka namna hiyo tabaka jipya likizaliwa. Baadaye kuna maswali makubwa ya maana ya maisha, kuna mtoto mwenye kichwa kikubwa kupita kiasi, kuna kujiua. Lakini maswali yale yana makalio, yamekaa kwenye benchi la ofisi ya wilaya.

Hapo ndipo nilipoanza kuona jambo. Yule mtu asiye na jina anayetangatanga katika *Nagona* ni Kazimoto aliyenyang'anywa benchi, ofisi, nauli na ukoo. Mwandishi hakubadili swali, alikiondoa kila kilichokuwa kikilizunguka.

Jioni nimeshuka mjini, nikapita Jiwe la Bismarck kama kila mgeni, nikala sato wa kukaanga kwa ugali, nikauliza saa ya meli.

Ijumaa, ziwani

Kuvuka kwenda Nansio kunachukua saa kadhaa, inategemea chombo. Abiria wa kisiwani wanajua kukaa: wanatandika kanga, wanafungua vyakula, watoto wanalazwa. Hakuna anayezungumzia ajali, na hakuna aliyezisahau. Mv Bukoba ilizama Mei 1996 ikikaribia Mwanza, Mv Nyerere ikapinduka Septemba 2018 ikikaribia Ukara, ndani ya wilaya hii hii ya Ukerewe, na zaidi ya watu mia mbili wakafa wakiwa wanaiona nchi kavu.

Kitabu cha leo ni *Kichomi* (1974). Kizazi cha sasa, kilichokua na mashairi huria kwenye mitihani, hakiwezi kuhisi kelele zilizozuka. Tangu 1954 Sheikh Kaluta Amri Abedi alikuwa ameshaandika sheria za kutunga mashairi, na shairi lisilo na vina na mizani kwa wengi halikuwa shairi baya, halikuwa shairi kabisa. Anatokea kijana wa bara, tena Mkatoliki wa kisiwa cha Ziwa Viktoria, anasema ataandika kwa lugha ya watu wanavyozungumza kila siku. Ebrahim Hussein alikuwa upande huo pia, na mwaka 1976 Mulokozi na Kahigi wakatoa *Malenga wa Bara*. Wanamapokeo wakajibu magazetini na kwenye makongamano, na ugomvi ukaendelea kwa miaka.

Ninaposoma *Kichomi* leo, juu ya maji, naona utetezi wake wa lugha ya kila siku ulikuwa nusu ya habari tu. Mashairi mengi mle si mepesi hata kidogo. Maneno ni ya sokoni, ndiyo, lakini yamepangwa na mtu aliyekulia kwenye vitendawili, anayekuonyesha mgomba na kukuacha upambane nao mwenyewe. Watu waliomlaumu kwa kuiga Wazungu wangemsikiliza bibi yeyote wa Ukerewe akitega kitendawili usiku wasingesema hivyo. Na bado kuna mashairi mle yanayodai urefu tu bila kuufanyia kazi. Nimeyaruka bila kuona haya.

Nansio ilianza kama mstari wa kijani, kisha mabati, kisha wapiga debe. "Mwalimu! Twende! Lete mzigo!" Sijui walijuaje kuwa ni mwalimu.

Jumamosi, Namagondo

Nimechukua bodaboda. Kijana amenipakia bila kuuliza nakwenda kwa nani, na hilo peke yake lilinifurahisha: baada ya kukaa siku kadhaa na vitabu visivyo na anwani, sasa niko kwenye jina lililoko kwenye riwaya ya 1971 na mtu ananitajia nauli yake.

Kisiwa ni cha mashamba madogomadogo yaliyobanana: mihogo, viazi, mipunga mabondeni, miembe na michungwa karibu na kila nyumba. Mawe makubwa yamejitokeza kila mahali, na juu ya mawe watu wanaanika. Mwanamke mmoja alikuwa amemwaga mihogo iliyomenywa juu ya jabali pana, anaipanga kwa mkono kipande kimoja kimoja ili vipande visipandane, na kila alipofika mwisho wa mstari alifagia jiwe lililobaki kwa upindo wa kanga. Kazi ya taratibu mno. Kuku walisogea, akawafukuza kwa sauti tu bila kuinuka.

Nakala yangu ya *Rosa Mistika* nimeinunua kwa wauza vitabu vya mtumba, imepitia mikono ya wanafunzi. Pembezoni kuna penseli: "dhamira: malezi mabaya", "nafasi ya mwanamke: chombo cha starehe", na kwenye ukurasa wa mwisho, kwa wino mwekundu, "falsafa ya mwandishi: maisha hayana maana". Kitabu hiki kilipotoka kilipigwa marufuku mashuleni kwa sababu ya mambo ya kitandani. Baadaye serikali ile ile ikakifanya cha lazima. Kutoka haramu hadi swali la alama kumi na tano.

Nimekisoma chini ya mwembe, na nashauri kila aliyekisoma shuleni akisome tena akiwa mzee kidogo. Jina limetoka kwenye Litania ya Bikira Maria, na mama yake Rosa ni Regina, mdogo wake ni Stella. Nyumba nzima imebatizwa kwa sifa za Maria, na baba, Zakaria, ni mlevi anayempiga mwanawe kwa sababu ya barua na noti ya shilingi ishirini aliyopewa na mvulana. Rosa anakua akimwogopa mwanamume yeyote. Anafika shule ya bweni Mwanza hajui lolote, anakutana na Deogratias, na ukuta aliojengewa na kipigo unaanguka wote kwa pamoja. Charles yule yule wa barua ndiye anayemkataa mwishoni, kwa kuwa si bikira.

Shuleni tulifundishwa kwamba ni kitabu cha malezi. Ni kitabu cha kesi. Mwishoni swali la nani ana hatia linafikishwa hadi mbele ya Mungu, riwaya inatoka duniani kabisa, inaacha Namagondo chini. Kwa hiyo mahali pasipo na ramani hapakuanza Wisconsin. Pamo humu, kwenye kitabu cha kwanza, kimeandikwa na kijana wa miaka ya ishirini aliyetoka seminari. Nimefunga kitabu nikacheka peke yangu hadi mwanamke wa mihogo akanitazama.

Nikamsalimu. "Shikamoo, mama."

"Marahaba. Unasoma cha Rosa?"

Anakijua. Binti zake wamekisoma shuleni, akasomewa. Nikamuuliza alimwonaje Zakaria. Hakufikiri hata kidogo.

"Zakaria walikuwa wengi. Mwandishi kachukua mmoja tu."

Jumapili, Kagunguli

Misa, kisha matembezi marefu. Huwezi kuja Ukerewe kwa ajili ya Kezilahabi ukarudi bila kufika alikoishi Aniceti Kitereza. Alizaliwa 1896, akasomeshwa na wamisionari, akazika watoto wake wote, na kufikia 1945 akawa ameandika kwa Kikerewe riwaya ndefu ajabu juu ya Myombekere na mkewe Bugonoka waliotafuta mtoto. Hakuna aliyeichapa. Alipokuwa mzee akaitafsiri mwenyewe kwa Kiswahili, ikatoka Dar es Salaam mwaka 1980. Akafariki 1981. Tafsiri ya Kiingereza ilifanywa na Gabriel Ruhumbika, mwandishi wa *Miradi Bubu ya Wazalendo*, naye Mkerewe.

Waandishi watatu wa riwaya wa daraja hilo, kisiwa kimoja. Sina maelezo yanayoniridhisha. Misheni ilileta kalamu, lakini misheni zilikuwa nyingi nchini. Ninachokiona ni kwamba Kitereza na Kezilahabi wanasimama pande mbili za kisiwa kimoja. Kwa Kitereza kila kitu kina mahali pake: namna ya kulima, kupika pombe, kuposa, kumwita mkwe. Humo mtu akipata shida anajua amwendee nani. Kwa Kezilahabi kijiji ni kile kile, ila mtu akipata shida hana wa kumwendea. Padre hajibu, mkuu wa wilaya anamsubirisha, baba amelewa. Soma kurasa hamsini za mmoja, kisha hamsini za mwingine, utaona karne imepita kati yao, ingawa tofauti ya umri wao haifiki miaka hamsini.

Jumatatu, Rugezi hadi Bunda

Kurudi nimepita nchi kavu: kivuko cha Rugezi kwenda Kisorya, kisha basi dogo kuelekea Bunda. Kando yangu alikaa mwalimu wa Kiswahili wa sekondari, wa hapa hapa kisiwani, na tulipogundua kazi zetu tukaanza kubishana kabla hata ya kujuana majina.

Yeye anasema *Nagona* si riwaya. Nikamweleza habari ya Kazimoto na benchi lake, na habari ya mahakama ya Mungu katika *Rosa Mistika*. Akasikiliza vizuri, akatikisa kichwa.

"Nitajie mhusika mmoja wa *Nagona* anayeulizia bei ya dagaa."

Nikamwambia ndiyo maana yenyewe. Mwandishi aliona hadithi zenye bei za dagaa zinamalizikia kwenye jibu ambalo msomaji alikuwa nalo tangu mwanzo, kama ilivyompata kwenye *Gamba la Nyoka*, na mwenyewe akiwa mhakiki hakutaka kuendelea kuziandika.

"Basi angeandika insha."

"Insha aliandika, tena tasnifu ya udaktari. Haikumtosha."

"Wanafunzi wangu nao haiwatoshi. Wanataka kujua nani kamuoa nani."

Kondakta akatuomba tupunguze sauti, mtoto wa abiria amelala. Tukaendelea kwa kunong'ona hadi Bunda. Aliposhuka aliniomba *Mzingile*, maana shuleni kwao hawana, nikampa. *Nagona* nimekataa. Amechukua namba yangu, amesema akimaliza atanipigia tugombane vizuri.